Kitu cha Wote, Dhamana ya Nani?



Katika darsa yetu ya usiku wa Ijumaa limeletwa suala ambalo sisi tuliosoma kwa kukaa chini mbele ya masheikh tulidhani halituhusu, mpaka likatuingia nyumbani. Suala lenyewe ni hili. Kompyuta ya mtu imekataa kazi kwa kukosa faili moja dogo, miongoni mwa yale mafaili ambayo programu nyingi huyatumia kwa ushirika. Akaipeleka kwa fundi. Fundi akalichukua faili la jina hilo hilo kutoka kwa mtu asiyemjua, akalitia mahali pake, na kompyuta ikafanya kazi. Kisha kwa sababu ya faili lile watu wengine, wasiokuwa na khabari ya kompyuta wala ya fundi, wakapata khasara ya mali. Basi ni nani mwenye dhamana? Ni fundi, au mwenye kompyuta, au yule mwizi aliyeko mbali ambaye hajulikani uso wala nchi? Na yule aliyeliandika faili la asili akalitoa kwa watu wote, je, naye anaingia katika hesabu?

Sitalijibu suala hili kwa maneno ya juu juu, kwani si suala la kubuni. Limetupata sisi wenyewe, na mimi ninayeandika nina sehemu yangu ndani yake, kama mtakavyoona.

Mpwa wangu ni mwalimu wa shule huko Kaptagat. Asiyepajua mahali hapo na ajue kuwa ni nchi ya misitu na baridi, chini ya mwendo wa saa moja kwa gari kutoka Eldoret, mji uliopewa daraja ya jiji mwaka 2024. Pako juu ya usawa wa bahari kwa zaidi ya mita 2,000, na sisi watu wa pwani tukifika huko hupanda ngazi tatu tukahema kama waliokimbizwa na ng'ombe. Baina ya huko na Mombasa ni kiasi cha kilomita 800. Ilipokuwa mwaka 2020 misikiti na shule zikafungwa kwa maradhi ya korona, darsa yetu ilihamia katika mikutano ya kompyuta na simu. Misikiti ilipofunguliwa tulirudi kukaa pamoja, lakini hatukuona uungwana kuwaacha waliokwisha kutuzoea kwa mbali: wagonjwa, akina mama wasioweza kutoka usiku, na watoto wetu waliotawanyika bara kwa kazi. Mpwa wangu ndiye aliyekuwa akiufungua mkutano kila juma, na ndiye aliyeweka majina ya watu na nambari zao za simu.

Asubuhi ya Alkhamisi moja kompyuta yake ilikataa kuifungua programu ya mkutano. Ikaandika kuwa faili liitwalo VCRUNTIME140.dll halikuonekana. Akanipigia simu akaniambia, "Mjomba, leo huenda darsa isiwepo, mashine imeharibika." Nami nikamjibu kuwa watu watangoja, kwa hiyo afanye vyovyote vile. Alishuka Eldoret kwa fundi, na fundi katika muda wa robo saa alilitafuta faili kwa jina lake kwenye intaneti, akalipata kwenye ukurasa asioujua ni wa nani, akalitia, akachukua Sh. 300. Usiku darsa ilifanyika, na mimi nikamsifu mpwa wangu mbele ya watu kwa bidii yake.

Zikapita siku tisa. Ghafula watu wa darsa wakapokea ujumbe uliotoka kwa jina la mpwa wangu, ukitaka mchango wa haraka wa kumsafirisha mgonjwa, na nambari ya kupelekea fedha imeandikwa chini. Wengi walishuku wakapiga simu kwanza. Lakini mama mmoja mjane, mtu mzima, anayeuza vitumbua mlangoni kwake, hakushuku. Alituma Sh. 4,000 alizokuwa ameziweka kwa kodi ya nyumba. Fundi mwingine, wa hapa Mombasa, alipoichunguza kompyuta alikuta kuwa faili lile lilikuwa la bandia: jina ni lile lile, lakini ndani yake mna mpelelezi mwenye kuokota maneno ya siri na kuyapeleka kwa bwana wake.

Kabla ya kuhukumu inatupasa tukijue kitu chenyewe, kwani mtu hawezi kutoa hukumu ya kitu asichokifahamu sura yake. Mafaili ya namna hii wahandisi huyaita maktaba. Si maktaba ya vitabu vya kusoma, bali ni mkusanyiko wa kazi zilizokwisha andikwa: kufungua picha, kubana sauti ipite katika njia nyembamba, kuyafunga maneno yasisomwe na mpita njia. Mwenye kutunga programu mpya haanzi kuandika hayo yote upya. Huiita maktaba ikamfanyia. Programu ishirini zaweza kuwa katika kompyuta moja na zote zikanywa katika maktaba moja, mfano wa nyumba ishirini za mtaa zinazoteka birika la msikiti mmoja. Programu za mikutano ya mbali ndizo zenye kuteka sana. Sauti yangu ikitoka Mombasa kufika Kaptagat aghalabu hubanwa kwa Opus, kanuni iliyotangazwa mwaka 2012 bila ya ada kwa mtu yeyote. Na ile njia ya kupitishia sauti na sura iitwayo WebRTC, Google waliitoa wazi mwaka 2011, na hii leo inatumiwa na programu zinazoshindana zenyewe kwa zenyewe sokoni.

Katika ushirika huu mna manufaa makubwa. Nafasi hupungua, kazi huenda mbio, na ikitengenezwa kasoro mahali pamoja wote hupona. Lakini mlango ule ule unaoleta nafuu unaleta madhara. Mwezi wa Septemba 2023 wahandisi wa Apple pamoja na Citizen Lab ya Chuo Kikuu cha Toronto walitoa khabari ya kasoro iliyokuwa katika maktaba iitwayo libwebp, ambayo kazi yake ni kufungua picha za aina moja tu. Picha iliyotungwa kwa hila iliweza kuifanya kompyuta imtii mgeni. Kasoro ilikuwa moja, lakini waliolazimika kuziba ni wengi: Chrome, Firefox, na kwa upande wa Microsoft, Edge na Teams, na Skype pia, ambayo wakati ule ilikuwa hai na imefungwa mwezi wa Mei 2025. Watu waliokuwa wakizungumza na jamaa zao hawakujua kuwa birika lao wote ni moja.

Na iko hila nyingine, nayo ndiyo iliyo karibu na msiba wetu. Kompyuta za Windows zikiitwa kulitafuta faili la maktaba, aghalabu hutazama kwanza katika chumba cha programu yenyewe. Mwizi akiliweka humo faili la bandia lenye jina lile lile, programu ya halali hulichukua bila ya kuuliza. Mwezi wa Machi 2013 maabara ya CrySyS ya Budapest na kampuni ya Kaspersky walieleza khabari ya wapelelezi walioitumia TeamViewer, programu ya halali ya kuitawala kompyuta ya mbali, kwa kuweka kando yake faili la uwongo la namna hiyo. Programu haikuwa na kosa. Lililokuwa la uwongo ni lile jirani aliyevaa jina la jirani mwema.

Tukishayajua haya turejee kwenye dhamana. Ndugu mmoja katika darsa alisema kuwa mali imechukuliwa na mwizi, kwa hiyo dhamana ni ya mwizi peke yake, na asiyepatikana basi, mama na asubiri malipo ya akhera. Hoja yake ni kuwa mwenye kutenda kwa mkono wake ndiye anayetozwa, wala si yule aliyekuwa sababu tu. Msingi huu ni sahihi na upo katika vitabu vyetu, lakini ndugu yetu ameuchukua nusu. Wanazuoni wamesema pia kuwa mwenye kuwa sababu hutozwa akiwa amevuka mpaka au amezembea. Mtu uliyemwachia nyumba yako akalala mlango wazi, mwizi akaingia, hawezi kukuambia kamtafute mwizi. Mwizi ana lake na mlinzi ana lake.

Fundi basi amevuka mpaka au hakuvuka? Mpwa wangu alipomrudia alijitetea kwa maneno mawili. La kwanza, kuwa yeye hakuliandika faili lile. La pili, kuwa hiyo ndiyo kazi yake ya kila siku na watu hawajapatwa na neno. Ama la kwanza halimfai kitu, kwani muuza dawa naye hakuitengeneza dawa, na bado anaulizwa ameitoa wapi. Ama la pili ni zito zaidi juu yake kuliko kimya, maana amekiri kuwa ameyatia mafaili ya watu asiowajua katika kompyuta za watu wengi, na waliosalimika wamesalimika kwa bahati au bado hawajajua. Na kinachomkata hoja ni kuwa faili lile la kweli halikuwa adimu. Microsoft wenyewe hulitoa bure, pamoja na wenzake, katika furushi moja ambalo mtu hulichukua kwao na kuliweka, na mara nyingine hata kuifuta programu na kuiweka upya kutoka kwa mwenyewe hutosha. Aliyeacha kisima cha mwenyewe akateka katika dimbwi la njiani, kwa kuwa dimbwi liko karibu kwa hatua tatu, huyo amezembea. Wanazuoni wetu wamemtoza dhamana mtu anayejitia utabibu bila ya kujulikana kwa tiba, hata akiwa na nia njema. Mimi simwoni fundi huyu mbali na tabibu yule.

Mpwa wangu naye hakusalimika. Yeye si mtu wa mitambo, na mtu hakalifishwi kujua asichokisomea, lakini alikuwa na amana ya watu mkononi: majina yao, nambari zao, na masuala ambayo baadhi ya akina mama walimwandikia kwa siri. Mwenye amana ya namna hiyo angalau huuliza, "Hili umelitoa wapi?" Hakuuliza. Alikuwa na haraka, na haraka ile ilitoka kwangu.

Nami nasema haya waziwazi kwa sababu nimesikia wengine wakininong'onea kuwa sheikh hakufanya kitu. Nilifanya. Nilimwambia "vyovyote vile." Katika mahakama ya kadhi huenda neno langu lisinitoze hata senti, kwani sikumwamuru alitie faili la mwizi. Lakini mtu mwenye kutiiwa anapotumia neno lisilo na mpaka, anamfungulia anayemtii milango yote, ya halali na ya haramu, kisha yeye mwenyewe hukaa nje na mikono safi. Darsa moja ingeahirishwa juma moja, na mama yule angelipa kodi yake.

Limebaki suala la mtoaji, na hili ndilo lililonishughulisha zaidi kuliko yote, kwani hapo nimeona dhulma ambayo hakuna mtu anayeilalamikia. Maktaba nyingi za namna hii zimeandikwa na watu waliozitoa kwa wote pasipo kutaka thamani. Katika hati zao huandika kuwa kitu kinatolewa kama kilivyo na hakina dhamana. Watu wengine wakilisoma sharti hili huliona la kukwepa. Mimi nimeliona ni la insafu. Mwenye kujitolea hatozwi maadamu hakukusudia ubaya, na lau angetozwa, nani angechimba kisima? Lakini mtoaji akishaiondoa dhamana juu yake, haimaanishi kuwa imeondoka duniani. Imehamia kwa watumiaji.

Na watumiaji wamefanya nini? Mwezi wa Aprili 2014 ilidhihiri kasoro iliyopewa jina la Heartbleed, ndani ya OpenSSL, maktaba inayofunga siri za sehemu kubwa ya intaneti. Ilikuwa imekaa humo miaka miwili. Ndipo ulimwengu ulipojua kuwa kazi ile, iliyobebeshwa biashara za mabenki na makampuni, ilikuwa ikipata michango ya kiasi cha dola 2,000 tu kwa mwaka. Makampuni makubwa yaliona haya, mwezi ule ule yakaunda mfuko wa kusaidia. Waingereza, Wamarekani na sisi sote tulikuwa tumekunywa bila ya kuuliza kamba ya ndoo inanunuliwa na nani.

Kisa cha mwaka 2024 kinatisha zaidi. Iko maktaba iitwayo xz, kazi yake ni kubana mafaili. Ilitunzwa kwa miaka mingi na mtu mmoja wa Finland, Lasse Collin, bila ya mshahara. Mwaka 2022 alieleza hadharani kuwa ni kazi ya kujitolea na kuwa nguvu zake zimepungua. Watu waliojificha nyuma ya majina wakamsukuma na kumlaumu kwa uchelewaji, na wakati huo huo akatokea mtu aliyejiita Jia Tan, mpole, mwenye bidii, anayesaidia. Kwa zaidi ya miaka miwili alijenga uaminifu hata akakabidhiwa funguo, kisha akatia mlango wa siri wa kuwawezesha wenziwe kuingia katika kompyuta za mbali. Aliyeuvumbua ni mhandisi wa Microsoft, Andres Freund, aliyetangaza tarehe 29 Machi 2024. Alikuwa ameona kuwa kuingia katika kompyuta kunachelewa kwa kiasi cha nusu sekunde, akauliza kwa nini. Nusu sekunde! Fundi wetu alikuwa na robo saa nzima wala hakuuliza.

Mimi nimemfikiria sana yule mtunzaji aliyechoka. Alihitaji mtu wa kushika zamu, na waliokuja kwake ni wa namna mbili tu, mwenye kulaumu na mwizi. Wema walikuwa wapi? Walikuwa wakiteka maji.

Hapo Kaptagat pana jambo ambalo mpwa wangu alinionyesha nilipomzuru, na sikulitilia maanani wakati ule. Iko kambi ya wakimbiaji ambayo ulimwengu unaijua kwa jina la Eliud Kipchoge, yule aliyemaliza mwendo wa marathoni kwa saa 1, dakika 59 na sekunde 40 mjini Vienna tarehe 12 Oktoba 2019, mwendo ambao haukuandikwa katika rekodi rasmi kwa namna ulivyoandaliwa lakini hapana aliyeukana. Mtu huyu mwenye mali na jina alikaa miaka na miaka kambini humo na vijana ambao hakuna anayewajua, na imesimuliwa mara nyingi na waliokwenda kumtazama kuwa zamu ya kusafisha choo ikimfikia husafisha. Hakuna aliyemwambia kuwa wewe ni mkubwa, mwachie mdogo. Choo ni cha wote, basi zamu ni ya wote. Nalinganisha hayo na makampuni yenye mali kuliko dola nyingi za Afrika, yanayojenga majumba yao juu ya maktaba iliyotunzwa na mtu mmoja usiku baada ya kazi, nayo hayashiki hata ufagio.

Wako vijana wetu wanaosema kuwa vya intaneti havina mwenyewe. Nao wamekosea. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001 inazilinda programu za kompyuta kama inavyovilinda vitabu. Hata kilichotolewa bure kina sharti la mtoaji. Kwa mfano, iko hati maarufu iliyotolewa mwaka 1991 kwa ajili ya maktaba khasa, isemayo kwa ufupi kuwa programu yoyote na itumie maktaba hii, hata programu yenye kuficha siri zake, lakini mwenye kuibadilisha maktaba yenyewe na kuigawa kwa watu sharti ayatoe mabadiliko yake nayo. Nilipoelezwa hati hii nilicheka kwa furaha, kwani ni kama nimesomewa hati ya wakfu iliyoandikwa na babu zetu: kisima ni cha wapita njia wote, ila atakayekichimbua zaidi asijengee ukuta. Sharti la mwenye kuwakifu tumefundishwa kuliheshimu, wala sijui sababu ya kuliheshimu likiandikwa juu ya jiwe na kulidharau likiandikwa ndani ya kompyuta.

Tulivyofanya sisi ni hivi. Hatukuona vyema mama angoje wanaume wajadiliane. Mpwa wangu na mimi tulimlipa Sh. 4,000 zake kamili, nusu kwa nusu, kisha tukaenda kwa fundi kumwambia kuwa kwa rai yetu nusu ya khasara ile ni juu yake. Kompyuta ilisafishwa yote, programu zikawekwa upya kutoka kwa wenyewe, maneno ya siri yakabadilishwa, na kila aliyekuwa katika orodha akapigiwa simu akaambiwa kilichotokea, hata wale akina mama waliouliza kwa siri. Simu hizo zilikuwa nzito kuliko fedha. Wawili kati yao hawajarudi darsani, na sina la kuwalaumu. Aidha darsa imekubali kuwa kila mwaka katika mchango wetu itoke sehemu, hata ikiwa ndogo, iwafikie watunzaji wa programu tunayokutania. Mwenye rai nyingine juu ya dhamana na atuandikie, tutaichapa.

Fundi alisikiliza mpaka mwisho. Akatoa Sh. 500, akasema zilizobaki ni mwisho wa mwezi. Mwezi ule umekwisha, na wa pili wake uko katikati.